Maswali ya Wasomaji: Nani Aliwalisha Wasomi wa Renesansi?

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, mimi ni mwalimu wa Kiswahili na Historia katika shule moja ya sekondari hapa Mbale. Mzee mmoja mfanyabiashara, ambaye sote mjini tunamheshimu, ameniomba niandike maisha ya marehemu baba yake, aliyekuwa na malori ya kubebea kahawa kutoka vilima vya Elgon. Ameahidi kunilipia kodi ya nyumba kwa mwaka mzima na kuninunulia kompyuta, nami bado sijamjibu. Mwenzangu katika chumba cha walimu ananiambia nisisite, kwa kuwa hata wasomi wakubwa wa Ulaya wakati wa Renesansi, yaani enzi ya kufufua elimu ya kale ya Wagiriki na Warumi, walilishwa na matajiri na hakuna aliyewalaumu. Naomba unieleze: matajiri wale walitoa nini hasa, walipata nini, na je, kalamu ya msomi ilibaki kuwa yake? — Mwalimu, Mbale.

JIBU: Mwalimu, mwenzako amekuambia kweli, lakini ameikatiza njiani. Wasomi wale walilishwa na matajiri, naam, na wengi wao walikiri jambo hilo katika ukurasa wa kwanza wa vitabu vyao. Ila chakula kile kilitolewa kwa namna mbalimbali, na namna ya kutolewa ndiyo iliyoamua kama mtu alikula ameketi au amepiga magoti.

Tuanze na hali yao. Katika Italia ya karne ya 15, mhumanisti alikuwa mtu aliyezama katika Kilatini na Kigiriki cha kale, akafundisha sarufi, balagha, historia, ushairi na falsafa ya maadili, na akawa tayari kusafiri siku nyingi kwenda kupekua maktaba ya watawa ambamo huenda kulikuwa na kitabu kilichosahauliwa. Kazi hiyo haikuwa na soko. Vitabu vilinakiliwa kwa mkono, na hata baada ya wachapaji kuanza kazi Italia mwaka 1465, mwandishi hakuwa na haki ya fungu katika kila nakala iliyouzwa. Aliyehitaji miaka mitatu ya kutafsiri kitabu kimoja ilimbidi ampate mtu wa kumgharimia mkate, mishumaa na karatasi kwa miaka hiyo mitatu.

Mfadhili anayetajwa kuliko wote ni Cosimo de' Medici, mwenye benki ambaye tangu 1434 aliuongoza mji wa Florence bila kuvaa taji. Kwa nini mtu wa hesabu na mikopo akaanza kununua Kigiriki? Sababu moja ilikuwa roho yake. Faida za benki zilinusa riba, na riba ilikatazwa na Kanisa. Vespasiano da Bisticci, muuza vitabu wa Florence aliyewajua watu hawa kwa karibu, anasimulia kwamba Cosimo alisumbuliwa na dhamiri juu ya mali yake, na kwamba Papa Eugenio IV alimshauri atumie florini 10,000 kuijenga upya nyumba ya watawa ya San Marco. Cosimo alitumia zaidi ya hizo. Ndani ya nyumba ile alijenga maktaba iliyokamilika mwaka 1444, akaweka humo vitabu vya Niccolò Niccoli, mpenda vitabu aliyefariki mwaka 1437 akiacha miswada mia kadhaa pamoja na madeni makubwa. Cosimo aliyachukua madeni, akavichukua na vitabu, na matakwa ya marehemu kwamba vitabu vyake visifungiwe bali visomwe na wote waliovihitaji yakatimizwa. Mimi nikiulizwa ni tendo gani la ufadhili wa enzi ile lililozaa matunda mengi zaidi, nitaitaja maktaba hiyo kabla ya kasri lolote, kwa sababu msomi asiye na tajiri wake mwenyewe aliweza kuingia na kusoma.

Mwaka 1462 Cosimo alimkabidhi Marsilio Ficino, kijana wa daktari wake, mswada wa Kigiriki wenye maandishi ya mwanafalsafa wa kale Plato ili autafsiri kwa Kilatini, na mwaka uliofuata akampa nyumba na kishamba karibu na kasri lake la Careggi. Tazama zawadi ilivyo, Mwalimu. Haikuwa mfuko wa fedha uliotolewa mara moja mbele ya wageni, bali ni mahali pa kukaa na pa kulima, yaani muda. Lakini tazama pia mkono wa mwenye kutoa. Mara tu Ficino alipotaka kuanza, Cosimo, aliyekuwa mzee na mgonjwa, alimwamuru amweke Plato kando na kutafsiri kwanza maandiko yaliyohesabiwa kuwa ya Hermes, mwenye hekima wa Misri ya kale, ambayo wakati huo yalidhaniwa kuwa ya kale kuliko Plato. Ficino alitii, akayamaliza mwaka 1463, ndipo akarudi kwa Plato. Cosimo aliwahi kusomewa mazungumzo machache tu kabla ya kufariki mwaka 1464. Tafsiri kamili ilichapwa mwaka 1484, miaka 20 baada ya mwenye fedha kuzikwa, na hapo kwa mara ya kwanza msomaji wa Kilatini aliweza kumsoma Plato wote.

Kwetu Uganda jambo hili si geni. Wapiga ngoma na wapuliza makondere wa Kabaka walipewa ardhi kwa ajili ya utumishi wao katika jumba la mfalme, na kipaji kilirithishwa pamoja na shamba. Lubiri, jumba hilo la Kabaka, liliposhambuliwa mwaka 1966, muziki ule ulitawanyika, kwa sababu mkono ulioushika ulikuwa mmoja.

Hatari hiyo ya mkono mmoja inaonekana vizuri katika maisha ya Angelo Poliziano, na hapa naomba uniruhusu nikae kidogo. Baba yake aliuawa kwa kisasi mwaka 1464, mtoto akiwa na umri wa miaka kumi, naye akapelekwa Florence kwa ndugu maskini. Hakuwa na kitu isipokuwa Kigiriki na Kilatini chake. Akiwa bado kijana alianza kuutafsiri utenzi wa Homer juu ya vita vya Troya kwa mashairi ya Kilatini, akampelekea Lorenzo de' Medici, mjukuu wa Cosimo, sehemu alizozimaliza. Waswahili husema mkono mtupu haulambwi. Kijana huyu aliujaza mkono wake kwa mistari ya Homer. Lorenzo alimchukua nyumbani, akamfanya katibu na baadaye mwalimu wa wanawe, akamtafutia pia cheo cha mkuu wa kanisa la San Paolo, cheo kilichokuwa na mapato yake ya kila mwaka. Njia hiyo ya mwisho ndiyo iliyotumiwa mno na wakubwa wa wakati ule: badala ya kutoa fedha zao mfukoni, walimpatia msomi mapato ya kanisa. Waumini wa mahali pale ndio waliolipa bila kuulizwa, nami sioni njia ya kulitetea jambo hilo.

Poliziano alilipa fadhila. Mwaka 1478 maadui wa Medici walimvamia Lorenzo kanisani wakamuua ndugu yake Giuliano. Poliziano, aliyekuwepo, aliandika maelezo ya tukio hilo kwa Kilatini kikali kilichowapaka matope wauaji na kuisafisha nyumba ya bwana wake. Mwaka mmoja tu baadaye alifukuzwa. Clarice Orsini, mke wa Lorenzo, alitaka mwanawe Giovanni ajifunze kusoma Kilatini kwa Zaburi, ilhali mwalimu alipendelea waandishi wa kale wa Roma, na mabishano yakaisha kwa mwalimu kutolewa nyumbani. Fikiria: msomi ambaye pengine hakuwa na mfano wake Italia nzima kwa Kigiriki, anakusanya vitu vyake kwa sababu ya kitabu cha kusomeshea mtoto wa miaka mitatu. Kilichomwokoa ni kwamba mwaka 1480 alirudi Florence akapata nafasi ya kufundisha katika chuo cha mji, mbele ya wanafunzi waliotoka nchi mbalimbali, na humo alifanya kazi zake bora kabisa hadi kifo chake mwaka 1494.

Sasa nije kwenye swali lako la kalamu. Lorenzo Valla alimtumikia Alfonso, mfalme wa Naples, wakati mfalme huyo akigombana na Papa Eugenio IV. Mwaka 1440 Valla aliandika kitabu cha kuthibitisha kwamba hati maarufu, ambayo kwayo Kaisari Konstantino alidaiwa kuwapa mapapa utawala wa Roma na nchi za magharibi, ilikuwa ya kughushi, kwa kuwa Kilatini chake kilikuwa na maneno ambayo hayakutumiwa katika karne ya Konstantino. Bwana alinufaika, bila shaka. Lakini hoja ilikuwa ya kweli, na imesimama hadi leo, Alfonso akiwa amesahauliwa na wengi. La kustaajabisha ni kwamba miaka michache baadaye Papa Nikolasi V, ambaye alipokuwa kijana maskini alijipatia riziki kwa kufundisha watoto wa matajiri wa Florence, alimwajiri Valla huyohuyo mjini Roma na kumlipa skudi 500 kwa kumtafsiri mwanahistoria Mgiriki Thukidide.

Niccolò Machiavelli, katibu katika serikali ya mji wa Florence, alibanwa zaidi. Medici, waliokuwa wamefukuzwa mjini, waliporudi madarakani mwaka 1512 alifukuzwa kazi, na mwaka uliofuata akafungwa na kuteswa. Hata hivyo alimwandikia rafiki yake kwamba angefurahi wakubwa hao wakimpa kazi yoyote, hata ya kubingirisha jiwe. Mwaka 1520 kazi ilikuja: Kardinali Giulio de' Medici aliagiza aandike historia ya Florence. Je, angewezaje kueleza jinsi babu zao walivyounyang'anya mji uhuru wake, huku wajukuu wakimlipa? Alimweleza rafiki kwamba mambo ambayo hawezi kuyasema kwa sauti yake atayatia vinywani mwa maadui wa Cosimo, na anayetaka kujua asikilize maneno ya maadui hao. Mwaka 1525 alimkabidhi kitabu Kardinali yule, ambaye sasa alikuwa Papa Klementi VII, akapewa dukati 120.

Aliyejua kuishi na wafadhili kuliko wote, kwa maoni yangu, ni Erasmus wa Rotterdam, msomi wa Uholanzi. Hakukataa fedha, aliziomba, tena kwa barua ambazo nyingine zinasikitisha kuzisoma. Lakini alihakikisha hazitoki mahali pamoja. Mkusanyo wake wa methali uliotoka mwaka 1500 aliutabaruku kwa Lord Mountjoy wa Uingereza, aliyekuwa mwanafunzi wake. Askofu Mkuu William Warham alimpa mapato ya parokia ya Aldington mwaka 1512, kisha yakageuzwa kuwa pauni 20 kila mwaka bila sharti la kukaa huko. Na Agano Jipya la Kigiriki la mwaka 1516 alilitabaruku kwa Papa Leo X, ambaye si mwingine ila yule Giovanni aliyegombaniwa juu ya Zaburi. Alipotakiwa kukaa katika jumba la mfalme moja kwa moja, alikwepa. Alipendelea kuishi Basel karibu na mchapaji wake, Johann Froben.

Kwa hiyo, Mwalimu, mpokee mzee huyo, ila usiache chaki. Mwombe kwanza, kabla ya kompyuta, vitabu vya hesabu vya marehemu, barua zake na karatasi za malori, kwa kuwa hizo ndizo San Marco yako. Andikianeni ni nani atakayeusoma mswada na ana haki ya kufuta nini. Sahihisho la tarehe au la jina la ukoo likubali, lakini kufuta tukio lililothibitika kusiwe miongoni mwa haki hizo. Waulize pia madereva na wakulima waliomuuzia kahawa, hata kama walidhulumiwa. Jina la mfadhili liweke kwa heshima kwenye tabaruku, mahali pake panapojulikana, ili msomaji aelewe tangu mwanzo fedha zilitoka wapi.

SWALI: Je, kulikuwa na wanawake miongoni mwa wasomi hao, na wao walifadhiliwa na nani? — Msomaji, Arua.

JIBU: Walikuwepo, dada au kaka yangu, na hali yao ilikuwa ngumu zaidi, kwa sababu milango niliyoitaja hapo juu, yaani ukatibu wa mji, chuo na mapato ya kanisa, mingi ilifungwa kwao. Isotta Nogarola wa Verona aliishi kwa mali ya familia yake. Cassandra Fedele wa Venice, aliyezaliwa mwaka 1465, alisifiwa akiwa msichana kwa hotuba zake za Kilatini, na Malkia Isabella wa Hispania akamwalika katika jumba lake. Serikali ya Venice haikutaka kumwachia Isabella pambo lake, na safari haikufanyika. Sifa alipewa, riziki hakupewa. Akiwa mjane maskini alimwandikia Papa Leo X kuomba msaada bila mafanikio, na ni mwaka 1547 tu, kwa maombezi ya Papa Paulo III, alipopata kazi ya kusimamia nyumba ya yatima mjini mwake. Mwaka 1556 Bona Sforza, Malkia wa Poland, alipofika Venice, serikali ilimkumbuka tena Cassandra, na bibi huyo wa miaka zaidi ya 90 akatoka miongoni mwa yatima wake, akasimama mbele ya malkia na kumkaribisha kwa Kilatini.