Sheli India: kashinda kura, kaenguliwa kwa hati ya ardhi

Mkuu mleta uzi, umesema shemeji yako wa Gujarat alishinda kura ya bahati nasibu ya kupewa sheli, kisha kampuni ikamwengua kwa madai kwamba hati ya ardhi haikidhi vigezo. Unauliza kama anaweza kwenda mahakamani. Kwenda anaweza, ila ajue kwanza anakwenda kubishania nini.

Indian Oil, Bharat Petroleum na Hindustan Petroleum ni kampuni za serikali, na zinachagua mawakala wa kuendesha sheli kwa kijitabu kimoja cha masharti. Kwenye tangazo la Novemba 2018 waombaji waligawanywa makundi matatu. La 1 ni wenye ardhi tayari, iwe ya kumiliki au ya pango lisilopungua miaka 19 na miezi 11. La 2 wana ahadi ya maandishi kutoka kwa mwenye ardhi kwamba atawauzia au kuwapangisha. La 3 hawajaonyesha ardhi yoyote, na hawaitwi mpaka makundi mawili ya juu yakose mtu. Ndiyo maana kesi nyingi hazihusu kama mtu anafaa, zinahusu alistahili kuwa kundi gani. Asome barua yake vizuri: ameondolewa kabisa, au ameshushwa tu hadi la 3? Hayo ni madai mawili tofauti, na wapo wanaofungua kesi ya kuondolewa wakati wameshushwa tu.

Kinachoangusha wengi ni tarehe. Haki juu ya ardhi inapimwa kwa siku ya kuomba, si siku ya kura wala siku ya ukaguzi. Pango linalozidi mwaka mmoja ni lazima lisajiliwe, kwa kifungu cha 107 cha Sheria ya Uhamishaji wa Mali ya 1882. Sasa tuseme mkataba ulisainiwa tarehe 5, maombi yakafungwa tarehe 10, usajili ukakamilika tarehe 20. Wakili atashika kifungu cha 47 cha Sheria ya Usajili ya 1908, kinachosema hati iliyosajiliwa inaanza kufanya kazi tangu iliposainiwa. Hoja hiyo ina uzito kama kijitabu kinataka "haki juu ya ardhi" tu. Kama kinataka hati iliyokwisha kusajiliwa kufikia siku ya kuomba, mimi nisingeiegemea.

Vipimo navyo vina mtego wake. Kando ya barabara kuu ya taifa, nje ya mji kwenye tambarare, kiwanja cha mita 35 kwa 35 ndicho kiwango cha chini kilichozoeleka. Hizo 35 za kina zinaanza pale hifadhi ya barabara inapoishia. Mtu anapima kutoka ukingo wa lami, akifika mpimaji wa kampuni kina kimepungua. Kwa ubishi wa namna hii Mahakama Kuu haitashika futi kamba. Ikiona ushahidi wa vipimo unapingana, mara nyingi inakataa kuingia. Apate ramani ya ofisi ya ardhi kabla ya kufungua shauri.

Kama ardhi ni ya ndugu, inakubalika kwa hati ya kiapo ya ridhaa, lakini ndugu wenyewe wameorodheshwa kwenye kijitabu. Asidhani ami au binamu anahesabika. (Na nyie mlioko Mombasa au Dar mnaotaka kuomba kwa jina lenu: mwombaji lazima awe raia wa India na mkazi kwa kipimo cha kodi ya mapato. Kadi ya OCI, wanayopewa watu wa asili ya India wenye uraia wa nchi nyingine, si uraia.)

Mahakamani njia ni ibara ya 226 ya Katiba ya India, inayoiwezesha Mahakama Kuu kutoa amri dhidi ya chombo cha umma, na hoja kuu ni ibara ya 14, usawa. Kesi ya kushika ni ya Ramana Dayaram Shetty ya 1979, kuhusu zabuni ya mgahawa wa uwanja wa ndege wa Bombay: chombo cha umma kikishaweka sifa za kustahili, nacho kinafungwa nazo. Lakini asome mpaka mwisho. Shetty alishinda hoja akakosa nafuu, kwa sababu alichelewa zaidi ya miezi mitano na aliyepewa zabuni alikuwa ameshamwaga fedha. Kwa hiyo amri ya zuio iombwe kabla mwombaji aliyechaguliwa badala yake hajapewa barua ya kusudio (barua ya kampuni kwamba inakusudia kumpa sheli), na huyo mwenzake aunganishwe kwenye shauri. Akiachwa nje, kesi inaweza kuanguka kwa hilo peke yake.

Kupinga sharti lenyewe kwamba ni kali baada ya kuomba na kushindwa ni kazi ngumu. Ataambiwa aliyakubali masharti alipojaza fomu. Kilicho imara ni kuonyesha kuwa kampuni haikufuata kijitabu chake, au imempitisha mwingine mwenye kasoro ileile.

Amana ya awali aliyolipa baada ya kura aidai kama ombi la pembeni. Kampuni huishikilia ikidai maelezo ya fomu yalikuwa ya uongo, na kukosea kundi la ardhi kwa nia njema si lazima kuwe uongo.

Kama tangazo lilikuwa la Nayara au Reliance, ibara ya 226 haitamfaa sana. Hizo ni kampuni binafsi.