Kamera ikibisha hodi nyumbani kwa mtoto mgonjwa

Tangu nilipoandika kuhusu Life According to Sam, filamu ya makala ya 2013 inayomfuata Sam Berns, kijana wa Marekani aliyekuwa na projeria, ugonjwa unaomzeesha mtoto kabla ya wakati, mmeniletea maswali mengi. Nayajibu manne.

Ugonjwa huo unarithiwa? Mke wangu ni mjamzito na tangu asome safu yako hapati usingizi. (Baba mtarajiwa, Tabora)

Mwambie alale. Humpata takriban mtoto mmoja kati ya milioni 4 wanaozaliwa, na karibu mara zote ni hitilafu ndogo kwenye jeni ya LMNA inayojitokeza yenyewe. Baba na mama hawana kosa.

Binti yetu wa miaka 9 ana ugonjwa uliochukua miaka minne kupewa jina. Watu wa filamu wanataka kuja nyumbani. Baba yake amekubali, mimi nasita. (Mama, Morogoro)

Yeye mwenyewe mmemuuliza? Barua yako ni ndefu, mama, lakini neno lake halimo. Sam anasema mapema kabisa kwamba hakukaa mbele ya kamera ili aonewe huruma. Alichotaka tuone ni ngoma. Alitamani kupiga katika bendi ya shule, ila ngoma na mikanda yake ilikuwa na kilo kama 18, naye alikuwa na 23 hivi. Mhandisi akamtengenezea mikanda myepesi, akaingia uwanjani na wenzake. Binti yako naye ana ngoma yake. Waulize wageni wako kama wamekuja kuitafuta hiyo au machozi.

Kabla ya kusaini fomu ya ridhaa, uliza pia: akiamka siku moja akasema hataki, kamera inazimwa? Wakianza kuzunguka, wape chai waende zao. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inazihesabu taarifa za watoto kuwa nyeti, na akifika miaka 19 picha hizo bado zitakuwa mtandaoni.

Wanalipa? (Bila jina)

Usitegemee mshahara. Nauli na siku za kazi ulizopoteza, dai bila aibu.

Watu watalia, watazima televisheni. Faida iko wapi? (Msomaji, Nairobi)

Dawa haikutoka kwenye filamu, hilo nakubali. Wazazi wa Sam, wote madaktari, walianzisha taasisi yao 1999. Majaribio ya lonafarnib, iliyobuniwa kwa ajili ya saratani, yakaanza 2007, na Marekani ikaiidhinisha Novemba 2020. Sam alikuwa amefariki Januari 2014, akiwa na miaka 17.

Lakini 2009 taasisi hiyo ilianza kuwasaka watoto wapatao 150 walioaminika kuwa na projeria bila kujulikana. Utawapataje, kama si kwa kuonyesha sura? Kuna mama aliyeambiwa mwanawe amerogwa. Siku moja anapita sebuleni kwa jirani, anaiona sura ileile kwenye televisheni, anasimama na ndoo yake mkononi.