Kwa nini upande wa pili wa The Soundhouse Tapes unakwaruza?

SWALI: Nina santuri ya inchi 7 ya Iron Maiden, bendi ya heavy metal ya Uingereza, iitwayo The Soundhouse Tapes. Upande wa kwanza unatoka vizuri. Upande wa pili sauti iko chini, na kwenye "Prowler" matoazi na herufi "s" za mwimbaji zinakwaruza. Nimebadilisha spika, hali ni ile ile. Je, imechakaa, ni feki, au sindano yangu ndiyo mbovu? Nataka kuihamishia kwenye kompyuta.

JIBU: Kabla ya kuilaumu santuri, angalia nyimbo zilivyopangwa. Upande wa kwanza una wimbo mmoja, "Iron Maiden", wa dakika 4 hivi. Upande wa pili una "Invasion" na "Prowler", jumla zaidi ya dakika 7, kwenye nafasi ile ile. Fundi anayechonga santuri akitakiwa kubana muda huo wote hulazimika kusogeza mifereji karibu karibu, na ili isiingiliane hupunguza nguvu ya sauti, hasa besi. Sauti kuwa chini si ugonjwa. Ongeza volyumu.

Mkwaruzo ni suala jingine. Santuri huzunguka kwa kasi moja tangu mwanzo hadi mwisho, lakini duara linazidi kuwa dogo. Mfereji wa nje uko kama milimita 84 kutoka katikati. Wa ndani kabisa unaweza kufika 54. Kwa hiyo mwishoni sindano hupita juu ya mfereji mfupi zaidi kila sekunde, pungufu kwa theluthi moja hivi, na mawimbi ya sauti kali yanabanana mno. Sindano yenye ncha ya duara haiwezi kuingia kwenye vikunjo hivyo vidogo. Matoazi na "s" huumia kwanza, huku besi ya Steve Harris ikibaki salama.

Hapa ndipo wengi hukosea kufunga katriji (kile kichwa kinachobeba sindano). Mpangilio unaotumika sana, wa Baerwald, huifanya sindano iwe sambamba na mfereji kwenye sehemu mbili tu: milimita 66 na milimita 120.9 kutoka katikati. Santuri ya inchi 7 inaishia milimita 89 hivi, maana yake ile sehemu ya pili iko nje yake kabisa. Chapisha karatasi ya kupimia, weka sindano kwenye alama ya 66, na usogeze katriji mpaka ubavu wake ulingane na mistari. Kosa la milimita 1 linasikika.

Kisha pima uzito wa sindano kwa mizani ndogo ya kidijitali. Usitegemee namba za kwenye mkono wa sindano peke yake. Fuata kiwango cha mtengenezaji: Audio-Technica VM95E, kwa mfano, hutakiwa gramu 1.8 hadi 2.2. Watu hupunguza uzito wakidhani wanailinda santuri. Sindano nyepesi mno hurukaruka ndani ya mfereji na kuuchimba, hivyo huharibu zaidi. Kama mkwaruzo uko spika ya kulia peke yake, ongeza kidogo kile kirekebishi kinachozuia mkono kuvutwa kuelekea katikati. Ukiwa kwenye spika zote mbili, na santuri nyingine safi ya inchi 7 haikwaruzi mwishoni kwenye mashine hiyo hiyo, basi mfereji wenyewe umelika, na hakuna dawa. Sindano ya ncha nyembamba zaidi, kama ya Microline, huweza kugusa sehemu ya ukuta ambayo sindano za zamani hazikuila. Inafaa kujaribu.

Kuhusu ufeki: zilichapwa nakala 5,000 tu mwaka 1979, kwa hiyo za kuigiza ni nyingi sokoni. Feki iliyonakiliwa kutoka santuri nyingine hubeba vipasuko vya ile ya kwanza. Ukisikia "tak" mahali pale pale kila mara, na chini ya taa kali huoni mkwaruzo wowote hapo, tia shaka. Angalia pia jalada: maandishi madogo yenye kingo za ukungu ni dalili kwamba limepigwa picha.

Kabla ya kurekodi, safisha kwa maji yaliyotokana na mvuke uliopozwa (distilled water) na tone la sabuni isiyo na manukato, ukifuata mifereji, lebo isilowe. Rekodi kwa biti 24, kHz 96, kilele kisizidi desibeli -6. Hifadhi faili ghafi la FLAC (aina isiyopoteza ubora wa sauti) kwanza, kisha fanyia kazi nakala yake. Vipasuko ondoa kimoja kimoja kwa mkono kwenye Audacity, programu ya bure ya kuhariri sauti.

Usijaribu kuipamba. Nyimbo hizi zilirekodiwa studio ya Spaceward, Cambridge, tarehe 30 na 31 Desemba 1978, kama kanda ya majaribio. Bendi haikuwa na fedha za kuinunua kanda kuu, na waliporudi baadaye kuchanganya upya walikuta imefutwa. Ngoma kavu za Doug Sampson na sauti ya Paul Di'Anno isiyosuguliwa ndivyo zilivyo. Chujio la kelele la programu litayala matoazi pamoja na mchakacho wa santuri. Chini ya Hz 20 kata bila wasiwasi, na ukisikia mvumo wa umeme wa Hz 50, kaza waya wa ardhi kati ya mashine na amplifaya kabla ya kugusa programu yoyote.