Yokai aitwe nani kwa Kiswahili?

Swali: Mwalimu, shikamoo. Ninatafsiri hadithi za kale za Kijapani kwa ajili ya vijana, na viumbe wa ajabu waliomo wamenitatiza sana. Neno yōkai nimeliandika "jini" katika hadithi ya kwanza, "shetani" katika ya pili na "mzimu" katika ya tatu, na kila mara mhariri ananirudishia kazi kwa hoja mpya. Tena sijui kama niandike "yokai hilo limetokea" au "yokai huyo ametokea", wala kama wingi wake ni "mayokai". Naomba mwongozo.

Jibu: Marahaba. Tatizo lako halitokani na uhaba wa msamiati, kwa maana Kiswahili kina jini, pepo, shetani, mzimu, koma, mzuka, kizuka, zimwi, jitu, dubwana na nunda. Linatokana na kwamba kila moja ya maneno hayo limekwisha kupewa asili, makazi na tabia yake, ilhali yokai ni neno la jumla ambalo huwakusanya pamoja viumbe ambao sisi tumewatenga katika mafungu mbalimbali. Huandikwa kwa herufi mbili za Kichina ambazo zote hudokeza jambo la ajabu, la kutiliwa shaka, lisiloelezeka, na halisemi lolote kuhusu kama kiumbe huyo ni roho au ana mwili, ni mwema au mwovu, au kama aliwahi kuwa binadamu. Msanii Toriyama Sekien alipochapisha kitabu chake cha michoro ya viumbe hao mwaka 1776, aliwaweka humo kappa wa mtoni, tengu wa milimani, wanyama wenye uwezo wa kujigeuza na hata wafu wanaowatokea walio hai, wote katika orodha moja. Hakuna neno moja la Kiswahili litakalobeba orodha hiyo bila kuipotosha, na ndiyo sababu mhariri wako hakuridhika na lolote kati ya matatu uliyojaribu.

Ushauri wangu, basi, ni kwamba neno yokai libaki kama lilivyo pale linapotumika kwa maana ya jumla, likifafanuliwa mara ya kwanza tu ndani ya sentensi yenyewe, kwa mfano "yokai, viumbe wa ajabu wanaosimuliwa na Wajapani tangu kale". Kisha kila kiumbe apimwe peke yake, ili ijulikane kama Kiswahili kina neno linalomfaa au la.

Tuanze na "jini", kwa kuwa ndilo linalokuja haraka zaidi kalamuni. Jini kwa Mswahili si kiumbe asiye na nasaba. Ameumbwa kwa moto, wapo majini wanaoamini na wasioamini, na sura ya 72 ya Kurani imepewa jina lao. Msomaji akikuta neno hilo katika hadithi ya Kyoto atasubiri, kwa haki kabisa, kisomo, ubani na maagano, na hatavipata. Katika habari za kappa lipo pia tatizo la sarufi. Kappa ni kiumbe wa mtoni mwenye kimo cha mtoto, gamba la kobe mgongoni na kisahani cha maji utosini, na maji hayo yakimwagika nguvu zake humwishia. Ndiyo maana wasimulizi husema kwamba anayekutana naye amwinamie kwa heshima, naye kwa adabu yake atainama kujibu na kuyamwaga. Ukimwita jini, utalazimika kuandika "majini hukaa majini", na msomaji atasoma sentensi mara mbili kabla ya kutenganisha wingi wa jini na mahali penye maji. Mwache awe kappa, naye akae mtoni.

"Shetani" lina uzito mwingine. Katika Uislamu na Ukristo shetani ni adui wa Mungu na mpotoshaji wa watu, na yokai wengi hawana uadui huo. Huko Iwate, kaskazini mashariki mwa Japani, husimuliwa habari za zashiki-warashi, mtoto asiyeonekana kwa urahisi anayekaa katika vyumba vya nyumba kubwa. Nyumba aliyomo hustawi, na akihama hufilisika. Mwaka 1846 ilichapishwa habari ya Amabie, kiumbe mwenye nywele ndefu na mdomo wa ndege aliyetoka baharini katika jimbo la Higo, akatabiri miaka sita ya mavuno mema pamoja na maradhi, akaagiza picha yake ichorwe na kuonyeshwa watu. Mwaka 2020, wakati wa janga la korona, Wajapani waliichora upya kwa wingi, na wizara yao ya afya ikaitumia katika matangazo yake. Kumwita Amabie shetani ni kumdhulumu. Najua kwamba wachongaji wa Kimakonde wamelitumia neno hilo kwa upana zaidi, na kwamba vinyago vyao vya shetani huonyesha viumbe wa kila namna, wengine wa kutisha na wengine wa kuchekesha, hali inayofanana sana na michoro ya Sekien. Lakini hiyo ni maana ya ndani ya sanaa hiyo, na kijana anayesoma hadithi bila kinyago mbele yake hataifikia.

"Mzimu" ni neno zuri ambalo umelitumia mahali pasipo pake. Mizimu ni wahenga waliotangulia, wenye haki ya kutambikiwa na wenye jicho juu ya ukoo wao. Japani wanao, na katika sikukuu ya Obon, ambayo sehemu nyingi za nchi hufanyika katikati ya Agosti, familia huwasha taa na kuwakaribisha nyumbani. Ukifika kwenye hadithi ya Obon, andika "mizimu ya mababu" bila wasiwasi wowote. Usiliharibu neno hilo kwa kumpa kappa.

Mfu anayemtokea mtu kwa sababu ya kinyongo au jambo lisilokamilika huitwa yūrei, na hapo Kiswahili kinalo neno la kutosha, nalo ni "mzuka". Mtaalamu wa simulizi Yanagita Kunio alitofautisha makundi haya kwa namna inayomfaa sana mfasiri: yokai hukaa mahali pake na kumsumbua yeyote apitaye, lakini yurei humfuata mtu maalumu popote aendapo, kwa kuwa ana jambo naye. Mzuka unaweza kubeba maana hiyo. Tahadhari ni mbili tu. Vijana wa Tanzania husema "mzuka" kwa maana ya hamasa, na hivyo sentensi kama "alipandwa na mzuka" itakupeleka usikokusudia. Sema "mzuka ulimtokea". Nalo neno "kizuka" liepuke, kwa sababu ndilo wanaloitwa wajane wanaokaa eda.

Oni nimemweka mwisho kwa makusudi, kwa sababu hapa sikubaliani na wale wanaotaka kila jina la Kijapani libaki Kijapani. Oni ni jitu lenye pembe, lenye kucha ndefu, lililojifunga ngozi ya chui milia na kushika rungu la chuma, ambalo hula watu, hulimbikiza mali kisiwani kwake na hatimaye hushindwa na kijana mdogo mwenye akili na marafiki waaminifu. Hilo ni zimwi! Mtoto aliyekua akisikia hadithi za zimwi anayebeba watoto ndani ya ngoma hahitaji kuelezwa zaidi. Momotarō, kijana aliyezaliwa ndani ya pichi, alikwenda kupigana na mazimwi pamoja na mbwa, nyani na ndege aina ya kwale mkubwa, na sentensi hiyo inakaa katika Kiswahili kama iliyozaliwa humu.

Sasa upatanisho, ambao naona ndio moyo wa swali lako. Kanuni ya Kiswahili sanifu ni kwamba nomino inayotaja mtu au mnyama huchukua upatanisho wa a-/wa- hata umbo lake likiwa la ngeli nyingine, na ndiyo sababu tunasema "kiboko amelala" wala si "kiboko kimelala". Yokai hutembea, husema, huona haya, hukasirika. Kwa hiyo andika "yokai huyo ametokea" na "yokai hao wametokea". Zimwi lina historia ndefu zaidi, kwa maana methali husema "zimwi likujualo halikuli likakwisha", na upatanisho huo wa li- bado una nguvu ya kuonyesha ukubwa na kutisha. Unaweza kuchagua "zimwi lilinguruma" au "zimwi alinguruma", mradi usibadilishe katikati ya ukurasa. Mzuka na mzimu hubaki na u-/i-, lakini mfu akitajwa kwa jina lake, mrudishie utu wake. Katika kisa cha Okiku, mtumishi wa kike aliyeuawa kwa ajili ya sahani iliyopotea, andika kwamba mzuka ulitoka kisimani, kisha Okiku akahesabu sahani hadi tisa, akalia.

Lugha ya Kijapani yenyewe inaunga mkono jambo hili. Wajapani wana vitenzi viwili vya kusema kwamba kitu kipo: aru kwa vitu visivyojongea vyenyewe kama kikombe au mti, na iru kwa watu na wanyama. Wakisema yokai yupo, hutumia iru. Mfasiri anayeandika "yokai yupo" badala ya "yokai ipo" anakuwa mwaminifu kwa lugha zote mbili kwa wakati mmoja.

Jambo hili hupendeza zaidi katika hadithi za tsukumogami, ambazo naomba usiziache. Hizi ni simulizi za vyombo vya nyumbani ambavyo, vikitimiza miaka 100, hupata roho. Katika maandiko ya kale, watu huvitupa vyombo vikuukuu wakati wa usafi mkubwa wa mwisho wa mwaka, navyo hukasirika kwa kutelekezwa baada ya utumishi mrefu, vikapanga kisasi. Miongoni mwa vyombo vyenye roho vinavyojulikana sana yupo mwavuli mwenye jicho moja, ulimi mrefu na mguu mmoja wa kurukia. Umeona nilivyoandika? Nimeanza na "huvitupa vyombo" na "vikapanga", kisha nikasema "yupo mwavuli mwenye jicho moja". Kiswahili kinakuruhusu kuonyesha dakika ya kupata uhai kwa kubadilisha kiambishi peke yake, bila maelezo mengine: "Mwavuli ulikuwa umelazwa darini, umefunikwa na vumbi, umesahauliwa. Usiku wa kutimiza miaka mia, ulitikisika, ukajikunjua, ukasimama wima. Kisha akafumbua jicho." Mhariri asiyeelewa nia yako atataka kuisahihisha sentensi hiyo ya mwisho iwe "ukafumbua". Mkatalie, na umweleze sababu. Katika hadithi nyingine zote usichanganye upatanisho. Katika hii, kuuchanganya mahali pamoja palipochaguliwa ndiyo tafsiri bora kabisa.

Kuhusu wingi, usiongeze kiambishi chochote kwenye majina uliyoyaacha katika Kijapani: yokai mmoja, yokai wengi, tengu mmoja, tengu wengi, kama tusemavyo simba mmoja, simba wengi. Kijapani chenyewe kwa kawaida hakibadilishi nomino kwa ajili ya wingi. Tena viambishi vyetu vitakuletea maana usizozitaka. Oni akipewa ma- anakuwa "maoni", yaani fikra za watu. Kami, wale wanaoabudiwa katika dini ya Shinto, wakipewa wa- wanakuwa Wakami, ambao ni kabila la mkoa wa Morogoro. Kitsune, mbweha mwenye uwezo wa kujigeuza na aliye mjumbe wa Inari, kami anayeheshimiwa katika hekalu la Fushimi huko Kyoto, ana silabi ya ki- inayoshawishi watu waandike "vitsune" kwa mfano wa kitabu na vitabu, ingawa hiyo ki- ni sehemu ya mzizi na kiumbe ni wa a-/wa-. Mahali mbweha ni mnyama wa kawaida tu, andika "mbweha". Anapojigeuza mwanamke na kuolewa, kitsune. Usimgeuze kuwa sungura kwa sababu ya werevu wake, hata kama sungura ndiye mjanja wa hadithi zetu.

Tahajia haihitaji maelezo mengi. Vistari vya juu vinavyoonyesha irabu ndefu viondolewe, kama tulivyokwisha kufanya katika "judo" na "Tokyo", isipokuwa katika majina ya watu ukitaka kuyahifadhi. Konsonanti mbili za kappa ziache, kwa kuwa "kapa" tunalo tayari, na anayetoka kapa ametoka mikono mitupu.

Mwisho ni maneno yanayotamkwa na watu ndani ya hadithi. Siku ya Setsubun, mapema mwezi wa Februari, Wajapani hurusha soya zilizokaangwa milangoni huku wakisema Oni wa soto, fuku wa uchi. Usiyaache hivyo katika kitabu cha vijana, kwa sababu "wa" ya Kijapani, ambayo huonyesha mada ya sentensi, itasomwa kama "wa" yetu ya umilikaji, na "uchi", ambayo kwao ni ndani ya nyumba, itasomwa kwa maana yetu. Andika "Zimwi nje, heri ndani!"