Jibu: Nani alikuwa akileta divai Nairobi zamani?
Ndugu, umeuliza nani alikuwa akileta divai Nairobi kabla ya maduka haya ya sasa. Kwa miaka mingi ilikuwa KWAL (Kenya Wine Agencies Limited), kampuni ya mvinyo iliyoanzishwa na serikali mwaka 1969. Hao hao ndio waliotengeneza divai ya mapapai (hiyo tusiseme mengi). Divai za Afrika Kusini zilijaa madukani baada ya ubaguzi wa rangi kuanguka kule.

Kinachoua divai nzuri ni joto la kontena, hasa likikwama Mombasa. Nilipofanya kazi stoo moja Industrial Area, tulifungua katoni tukakuta vizibo vimesukumwa juu, mchirizi mwekundu unaonata umeteremka shingoni hadi kwenye lebo. Bosi akasema, pangusa, peleka dukani.