Niambie kwanza anajiitaje

Swali lenu la wiki hii linasema: "Unaishi na watu wa makabila mangapi, na je, tofauti zetu tuzisemee au tuzinyamazie?" Mi nimezaliwa Babati, baba Mwiraqw, mama Mrangi wa Kondoa, kwahiyo kwa swali hili sitaweza kuandika mistari miwili tu, mnisamehe.

Pale mtaani kwetu upande mmoja wa ua walikaa Wagorowa, ambao ndo wenyeji wa Babati hasa, upande wa pili Mnyaturu mwenye duka, na ukishuka kuelekea Magugu unaingia kwa Wambugwe. Sikuwahi kuona kama ni kitu cha kushangaza, mpaka nilipoenda sekondari ya bweni mbali na kwetu, ndo nikakuta wenzangu wanadhani watu wote wa Tanzania ni Wabantu isipokuwa Wamasai. Mtu anasikia "Mmbulu", yaani Mwiraqw, anajua ni kabila kama mengine, hajui kwamba Kiiraqw ni lugha ya Kikushi, ndugu yake wa mbali ni Kisomali, na haina hata harufu ya Kibantu.

Nenda Haydom siku ya mnada, kaa sehemu moja tu usikilize. Mwiraqw anauza vitunguu, Mnyiramba au Mwisanzu anajibu bei kwa Kiswahili ila kwa mkewe anaongea Kibantu chao, Wadatoga wamekuja na ng'ombe na lugha yao ya Kinailoti inayokaa familia moja na Kikalenjin cha Kenya, alafu ukibahatika wako na Wahadzabe waliotoka Yaeda Chini, wana lugha yenye sauti za kidoko, zile za kugonga ulimi, ambayo mpaka leo wataalamu hawajaipatia ndugu popote duniani. Watu wa familia tatu za lugha na hiyo moja isiyo na familia, wote wanagombania kivuli cha mti mmoja. Sehemu kama hiyo Afrika nzima hazizidi za kuhesabu kwa vidole, na wengi wetu tunapita pale na basi tumelala.

Na sio kwamba wanakaa tu pamoja, wanahitajiana. Mhadzabe anawinda kwa upinde na kichwa cha chuma cha mshale mara nyingi anakipata kwa mhunzi wa Kidatoga na anampa asali, biashara ya zamani sana hiyo na bado ipo. Kwetu nyumbani mama hajui Kiiraqw cha kutosha mpaka leo, lakini kwenye harusi wazee wakianza slufay, yale maombi ya baraka ambayo mzee mmoja anaongoza na wengine wote wanamwitikia kwa pamoja, mama anaitikia kwa sauti kuliko hata shangazi zangu. Nilimuuliza siku moja unaitikia nini mama na maneno huyajui, akanijibu baraka haichagui masikio.

Sasa nirudi kwenye swali, tusemee au tunyamaze. Pale bwenini kitanda cha chini yangu alilala dada mmoja kutoka Hanang. Sote tulimwita Mang'ati. Mimi nilimwita hivo miaka miwili nzima, kwa upendo kabisa, nilikuwa namwekea nafasi kwenye foleni ya chakula nikipiga kelele "Mang'ati njoo!" na yeye alikuwa anakuja, hajawahi kulalamika. Kidato cha tatu akahamia msichana wa Kimasai kutoka Simanjiro, siku ya kwanza tu anasikia tunavyomwita akauliza mnajua hilo neno maana yake ni nini? Kwa Kimasai ni adui. Wamasai na Wadatoga walipigana sana enzi hizo na Wamasai ndo wakawapa jina hilo, Waswahili wakalibeba, likaingia mpaka kwenye makaratasi. Nilimwangalia rafiki yangu, akasema anajua tangu mdogo. Nikamuuliza kwanini hukusema, akasema ningewaambia wangapi. Hiyo sentensi bado ninayo kichwani hadi leo.

Toka hapo nikaanza kuchunguza majina, na nikakuta ni hivohivo kila kona. Wahadzabe, watu wazima wa kwetu bado wanawaita Watindiga, wakati hadza kwa lugha yao ni mtu, binadamu basi. Wagorowa wanaitwa Wafiome. Kenya kule msitu wa Mau wako Waogiek, miaka mingi wameitwa Wandorobo, neno la Kimasai tena, maana yake watu wasio na ng'ombe, yaani maskini, na mtu anayeishi kwa asali ya msituni akawa maskini kwasababu jirani yake anahesabu mali kwa mifugo. Batwa wa Uganda, Rwanda, Burundi na Kongo, sisi kwa Kiswahili chetu tumewaita mbilikimo, tumewapima urefu tukamaliza. Hao Batwa wa Bwindi na Mgahinga kule Uganda walitolewa kwenye msitu wao 1991 ulipofanywa hifadhi ya taifa, na mi naamini ni rahisi zaidi kumhamisha mtu ambaye hata jina lake hujawahi kumuuliza. Hata Wadatoga wa Hanang, miaka ya 1970 na 1980 nyanda zao za malisho zililimwa mashamba makubwa ya ngano ya serikali kwa msaada wa Kanada, yakapita mpaka kwenye makaburi ya wazee wao, na kesi zikafika mahakamani. Nje ya Afrika ni yaleyale, walioitwa Eskimo wa Kanada wanasema sisi ni Inuit, walioitwa Lapp kule Norway na Sweden wanasema sisi ni Sami.

Najua kuna msomaji atasema dada achana na makabila, angalia Rwanda. Nimeangalia. Kule watu walikuwa na lugha moja, Kinyarwanda, na miaka ya 1930 Wabelgiji ndo wakaandika Mhutu, Mtutsi, Mtwa kwenye vitambulisho, na 1994 vitambulisho hivohivo vikawa vinaangaliwa kwenye vizuizi barabarani. Ndo maana nakubali kabisa uamuzi wa nchi yetu kwamba baada ya sensa ya 1967 hatuulizani tena kabila kwenye sensa, na sitaki liandikwe kwenye kitambulisho changu. Lakini karani wa serikali kuandika kabila lako ni kitu kimoja, na jirani kukuuliza unajiitaje ili akuite hivo ni kitu kingine kabisa. Sisi tumenyamaza vyote viwili, tukadhani tumejenga umoja, kumbe yule mdogo ndo amemezwa, maana Msukuma hata ukinyamaza atasikika tu kwa wingi wake, ila Wahadzabe wako elfu moja na kidogo, ukinyamaza wao ndo wanapotea.

Alafu sio kila jina la kupewa ni baya, niwe mkweli. Wasukuma wenyewe jina lao maana yake ni watu wa kaskazini, walipewa na majirani zao wa kusini, na leo wanalibeba kifua mbele. Na hili neno Waswahili tunalojivunia limetoka kwa Waarabu, maana yake watu wa pwani, wakati mwenyewe wa Lamu atakwambia mimi Mwamu, na wa Mombasa atakwambia Mmvita. Kwahiyo sisemi tufute majina yote ya zamani. Nasema mwenye jina ndo aulizwe. Wadatoga wenyewe wamegawanyika, kuna Wabarabaig, Wagisamjanga, Wabajuta, na ukimwita Mgisamjanga kuwa ni Mbarabaig atakurekebisha palepale, kwa upole tu, kama umemuuliza kwa upole.

Rafiki yangu yule tunawasiliana mpaka leo. Nilimwomba msamaha tukiwa kidato cha nne na akaniambia jina lake la Kidatoga, lile alilopewa na bibi yake, ambalo pale shuleni hakuna mwalimu wala mwanafunzi aliyewahi kulitamka. Silitaji hapa kwasababu ni lake.

Na mimi nina swali kwa wasomaji wa Mtwara na Lindi. Tangu nikae Dar nasikia watu wanasema Wamawia, wakimaanisha Wamakonde waliovuka Ruvuma kutoka Msumbiji, na wanavyolitamka naona kabisa sio vizuri. Nina jirani mmoja mchongaji vinyago anaitwa hivo na mtaa mzima. Nimepanga kumuuliza mwenyewe Jumamosi, ila kama kuna Mmakonde wa ng'ambo anasoma hapa, tafadhali niambie nyie wenyewe mnasemaje.