Mkuu, usitume hizo hela: uliza kwanza mita za kupanda

Simamisha malipo, mkuu. Mpango wako wa safari ya baiskeli una kilomita, una majina ya vijiji, una saa za kuonja, ila umekosa namba moja, na hiyo namba ndiyo itakayoamua kama shemeji atafurahia safari au atapanda teksi siku ya pili. Unataka Firenze hadi Siena kupitia Chianti, vilima vya mvinyo vya Italia, siku nne, bila kiongozi, baiskeli za kawaida za kukodi, kilomita 30 hadi 45 kwa siku, na kila siku uonjaji wa mvinyo na jibini wa saa tano asubuhi unaolipiwa mapema. Wakala amekuandikia "kiwango: rahisi". Halafu unauliza mchukue kiongozi au la, mwende mwezi gani, mvae nini na bajeti ya chakula iwe ngapi. Mimi nakuuliza kitu kimoja: kila siku mnapanda mita ngapi?

Waitaliano wanaiita dislivello. Ni jumla ya mita zote mtakazopanda tangu mnaondoka hadi mnafika, na kushuka hakupunguzi kitu. Usiichanganye na tofauti ya kimo kati ya kijiji cha kuanzia na cha kumalizia, maana hapo ndipo watu wanapopigwa. Vijiji vingi vya Chianti vimejengwa juu ya vilima: Panzano iko kwenye mita 500 hivi juu ya bahari, Radda 530, Castellina 578. Ukiangalia Panzano hadi Castellina kwa kutoa tu, unapata mita 78, unaona ni mwinuko wa kitoto. Barabara yenyewe, ile SR222 wanayoiita Chiantigiana, inashuka kwanza hadi bonde la mto Pesa ndipo inaanza kupanda upya, zaidi ya mita 200. Karibu kila mnapokwenda kule ni hivyo: mnatoka kileleni, mnazama bondeni, mnapanda kilele kingine. Na kwa kuwa hoteli iko kijijini na kijiji kiko juu, siku inaishia kwenye mlima, wakati miguu imeshachoka.

Chukua siku yako ya pili. Mnalala Greve, ambayo ni bondeni, mita 236 hivi. Uonjaji uko Castellina saa tano. Ni kilomita kama 20 tu, kwa hiyo umeona mkiondoka saa tatu mtafika na muda wa kupiga picha. Sasa hesabu. Greve hadi Panzano ni kilomita kama saba na mita zaidi ya 260 za kupanda. Ongeza kile cha baada ya Pesa, mko kwenye mita 500 za kupanda kabla hamjagusa glasi. Mtu asiye na mazoezi anaweza kutoa wati 100 hivi kwa saa nzima bila kukata pumzi. Ukijumlisha mwili, baiskeli, maji na mkoba, fanya kilo 100. Kwa nguvu hiyo mtu anapanda mita 360 hivi kwa saa, na hapo upepo na msuguano wa tairi sijavihesabu. Mita 500 ni karibu saa moja na nusu ya kupanda tupu. Weka mteremko, weka kusimama kunywa maji, weka kupotea njia mara moja, mnafika saa sita kasoro. Uonjaji umeanza bila nyinyi, kundi la saa sita linaingia, na sehemu nyingi hela ya uonjaji uliokosekana hairudi.

Hasara haiishii hapo. Mkichelewa kwenye uonjaji mnachelewa kula. Majiko ya vijijini Italia yanapokea chakula cha mchana hadi saa nane au nane na nusu, kisha yanafungwa mpaka saa moja au moja na nusu usiku. Duka la kijiji nalo linafunga mchana. Mkifika Radda saa tisa mna njaa, mtapata kahawa na kipande cha mkate baridi kwenye baa. Mkosi wote huo chanzo chake ni namba moja ambayo hakuna aliyewaandikia.

Hapa lazima niseme ukweli kuhusu mawakala. Neno "rahisi" kwenye vipeperushi vyao halina kipimo. Wengine wanamaanisha rahisi kwa mtu anayepiga kilomita mia kila Jumapili. Wengine walikuwa na njia ya baiskeli ya umeme, wakafuta neno "umeme", wakabakiza ile ile "rahisi". Wanakuandikia kilomita kwa herufi kubwa kwa sababu kilomita hazitishi, na mita za kupanda wanazificha kwenye faili ambalo utalipata ukishalipa. Wanazijua! Kila programu ya kuchora njia inazitoa yenyewe. Mtu anayemuuzia familia safari ya siku nne bila kuwaambia kitu hicho anacheza na magoti ya watu, na mimi sina heshima na biashara ya namna hiyo.

Kipimo ninachokupa ni hiki: gawa mita za kupanda kwa kilomita za siku. Ikitoka chini ya 5, hiyo ni njia ya tambarare, mtu yeyote anaweza. Kati ya 5 na 10 kuna vilima, mnahitaji gia nzuri na muda. Ikizidi 10, kwa mtu asiyezoea ni siku ngumu hata kama ni kilomita 30 tu. Kisha tafuta mwinuko mkali kuliko yote, maana wastani unaficha. Kilomita moja ya asilimia 10, yaani mita 10 za kupanda kwa kila mita 100, katikati ya siku laini inatosha kumshusha mtu akasukuma.

Kuhusu hizo baiskeli za kawaida, uliza meno ya gia, usiulize "zina gia ngapi". Gia 24 zinaweza kuwa zote nzito. Tazama sproketi, yaani duara la meno linaloshika mnyororo: ile ndogo ya mbele na ile kubwa kabisa ya nyuma. Hesabu meno. Zikiwa 34 mbele na 28 nyuma, kama zilivyo baiskeli nyingi za mbio, kwenye asilimia 10 ukikanyaga mizunguko 60 kwa dakika unakwenda kilomita 9 kwa saa na unahitaji zaidi ya wati 230. Shemeji hana hizo wati, na wewe pia huna kwa zaidi ya dakika chache. Zikiwa 30 mbele na 42 nyuma, mizunguko ile ile inakupeleka kilomita 5 na kitu kwa saa, kwa wati 140 hivi. Hapo mtu anahema lakini anafika. Kwa hiyo sproketi ya nyuma iwe sawa na ya mbele au kubwa zaidi, vinginevyo msiichukue.

Baiskeli za umeme ni jibu zuri kwa Chianti, na ningewashauri mzichukue, ila nazo zinahesabiwa kwa mita. Kisheria Ulaya mota ni wati 250 na inakata msaada mkifika kilomita 25 kwa saa. Betri ya Wh 500 (wati-saa) kwenye msaada wa kati inatosha kama mita 1,000 hadi 1,200 za kupanda. Ukiiweka kwenye nguvu ya juu tangu asubuhi kwa sababu ni raha, inaisha kabla ya mlima wa mwisho, na mlima wa mwisho ndio wa hotelini. Baiskeli ya kilo 23 au 25 iliyoishiwa chaji ni gunia la mahindi lenye magurudumu. Halafu chaja: kwenye safari zisizo na kiongozi mizigo inabebwa na gari asubuhi, na watu wanaiacha chaja ndani ya begi. Mchana mnakaa mezani saa nzima karibu na soketi, chaja iko kilomita 20 mbele. Ibebeni wenyewe.

Sasa uonjaji. Uhamishe kutoka saa tano uwe mwisho wa siku, baada ya kilima cha mwisho, na ikiwezekana mahali pa kutembea kwa miguu hadi kitandani. Mashamba mengi yenye vyumba, agriturismo, yanatengeneza mvinyo wao wenyewe, kwa hiyo hili linawezekana kabisa. Sababu si adabu tu. Uonjaji wa kawaida ni mvinyo wa aina tatu hadi tano, kila mmoja mililita 40 au 50. Aina tano ni robo lita ya kitu chenye asilimia 14, maana Chianti Classico, ambayo lazima iwe na zabibu za Sangiovese kwa asilimia 80 au zaidi, si maji ya matunda. Mwanamke wa kilo 60 akimeza yote anaweza kukaribia gramu 0.8 za pombe kwa lita ya damu. Kikomo cha Italia ni 0.5, na kifungu cha 186 cha sheria ya barabarani kinamgusa mwendesha baiskeli pia. Kuanzia juu ya 0.8 linakuwa kosa la jinai. Na mkitoka hapo mnashuka kona kali. Kupanda mchongoma, kushuka ndiyo ngoma. Kutema kwenye ndoo iliyowekwa mezani ni jambo la kawaida kabisa, hakuna atakayewakodolea macho.

Kama hamnywi au mnakula halali, andika mapema wakati wa kuweka nafasi, usisubiri sahani ifike. Finocchiona (soseji kavu) na prosciutto (paja lililokaushwa) ni nguruwe. Ukisogea Emilia na Romagna, mafuta ya nguruwe, strutto, yanaingia hata kwenye unga wa piadina (mkate bapa) na kwenye kikaango cha gnocco fritto (andazi la chumvi). Parmigiano Reggiano inagandishwa kwa kimeng'enya cha tumbo la ndama. Mafuta ya zeituni, asali na mkate wa Toscana usio na chumvi havina shida hiyo, na mashamba mengi hutengeneza uonjaji wa mafuta peke yake ukiomba.

Barabara nyeupe za changarawe, strade bianche, zitakuwemo hata kama hazijatajwa. Tairi ziwe milimita 35 au zaidi. Kwenye mteremko wake msikamate breki ya mbele ghafla.

Kiongozi au bila kiongozi? Chenye thamani hasa ni lile gari la nyuma. Safari yenye kiongozi kwa kawaida ina gari linaloweza kumbeba aliyechoka pamoja na baiskeli yake. Isiyo na kiongozi ina gari la mabegi, ambalo limepita saa tatu asubuhi na halirudi. Kama mita kwa kilomita zenu ni chini ya 5, nendeni wenyewe kwa amani. Ukizidi 10 na hamna umeme, lipieni gari. Yaani hata swali hili linajibiwa na dislivello.

Na kama Chianti si lazima, chakula kizuri cha Italia kipo tambarare. Kutoka Peschiera del Garda hadi Mantova kuna njia ya baiskeli inayofuata mto Mincio, kilomita 45 hivi, karibu yote lami na bila magari. Katikati mnapita Borghetto na Valeggio, mji wa tortellini, na Mantova mnamalizia kwa tortelli za boga. Au nchi ya Parma kuelekea mto Po, Busseto na Zibello, ambako ardhi ni bapa. Huko uonjaji wa asubuhi una maana, kwa sababu jibini la Parmigiano linapikwa asubuhi: maziwa ya jioni yaliyoondolewa mafuta yanachanganywa na ya asubuhi, yanapashwa kwenye masufuria ya shaba hadi nyuzi 55 hivi, na kufikia saa nne au tano donge limeshanyanyuliwa. Ukifika mchana utaona sakafu inaoshwa. Lakini tambarare mnaweza kuiahidi saa tatu na mkaifika saa tatu.

Mwandikie wakala leo, kwa Kiitaliano ili asijifanye hajaelewa: "Qual è il dislivello positivo di ogni tappa, e la pendenza massima?" Yaani: kila siku tunapanda mita ngapi, na mwinuko mkali kuliko yote ni asilimia ngapi? Mwombe na faili la GPX (njia iliyochorwa kwa ajili ya simu) la kila siku kabla ya malipo ya awali, ulifungue kwenye programu ya Komoot au RideWithGPS na ulinganishe. Programu zinaweza kutofautiana kidogo kwa jinsi zinavyolainisha milima, hiyo ni kawaida. Tofauti ikiwa mara mbili, wakala anadanganya. Akikataa kutuma faili, achana naye. Akituma, weka hapa mita na kilomita za siku zote nne, pamoja na meno ya gia za hizo baiskeli, nikwambie siku gani ya kuhamisha uonjaji.